Francis Cheka na Hesabu za Ugenini

Msikilizaji, kaa kwenye kijiwe chochote cha kahawa hapa Morogoro, iwe Msamvu, iwe Mji Mpya, iwe jirani na Soko Kuu la Chifu Kingalu, halafu utaje jina la Francis Cheka. Ubishi utaanza kabla kahawa haijapoa. Wapo watakaoapa kwamba tangu enzi za Rashid Matumla nchi hii haijapata bondia kama yeye. Na hakosekani mmoja wa kuwakata kauli kwa swali: nje alishinda wapi? Uingereza alipigwa. Urusi alipigwa. India alipigwa, tena mapema. Akishasema hivyo anashusha kikombe, kesi imekwisha.

Leo naifungua upya kesi hiyo. Wanaohesabu hivyo idadi wameipata. Ninachowapinga ni namna ya kuhesabu.

Twende kwanza Manchester, Septemba 2008. Ulingoni wamepanda vijana wawili, wote wazaliwa wa mwaka 1982, wote uzito wa kati, yaani ratili 160, kama kilo 72 na nusu hivi. Kona moja yuko Matthew Macklin, mtoto wa Birmingham mwenye wazazi kutoka Ireland. Kona nyingine yuko Francis Cheka wa Morogoro, ambaye mashabiki wake walimpachika jina la bunduki, SMG. Wakatwangana raundi zote 10. Cheka hakuangushwa akabaki chini, kona yake haikutupa taulo. Mwisho wa yote Macklin akapewa ushindi wa pointi.

Hapo kuna jambo la kulifahamu. Kwa desturi ya Uingereza, pambano lisilo la ubingwa halina majaji watatu wa pembeni. Mwamuzi mmoja, yuleyule anayewaachanisha wakikumbatiana, ndiye anayejaza pointi na mwisho anakwenda kunyanyua mkono wa mshindi. Sisemi mwamuzi wa siku ile alipendelea. Macklin alikuwa bondia mzuri, na sina sababu ya kumnyang'anya ushindi wake. Nasema tu kwamba mgeni aliyekwenda raundi 10 na mwenyeji, mbele ya watu wa mwenyeji, pointi zikiwa mkononi mwa mtu mmoja, ameshafanya kazi kubwa. Katika kitabu cha rekodi kazi hiyo yote inaandikwa kwa herufi moja: L, kapoteza.

Sasa fuatilia walivyoachana njia baada ya usiku ule. Miezi sita baadaye, Machi 2009, Macklin alipigania ubingwa wa Uingereza mjini kwao Birmingham, akammaliza Wayne Elcock raundi ya 3. Septemba mwaka huohuo akatwaa ubingwa wa Ulaya kwa kumsambaratisha Amin Asikainen wa Finland raundi ya kwanza tu. Juni 2011 akapelekwa Ujerumani kugombea ubingwa wa dunia na Felix Sturm. Majaji wakagawanyika, akanyimwa, na mpaka leo wapo wanaosema aliporwa. Machi 2012 akapata nafasi nyingine, New York, kwa Sergio Martinez, akapoteza. Juni 2013 nafasi ya tatu, Marekani tena, kwa Gennady Golovkin. Raundi ya 3 akala konde la mbavu, akakaa chini anahangaika kuvuta pumzi mpaka akahesabiwa.

Umeona? Mara tatu aligombea ubingwa wa dunia, mara tatu akaukosa, zote nje ya Uingereza. Ukimpima kwa kipimo cha kijiwe chetu, Macklin naye aliutwaa wapi huko nje? Lakini husikii mtu Birmingham akimwita bondia wa mitaani. Alistaafu mwaka 2016 akiwa na heshima yake kamili.

Tofauti ya watu hawa wawili iko kwenye ngazi waliyoikuta. Waingereza walianza kutoa mkanda wa Lonsdale mwaka 1909. Bodi yao ya kusimamia ngumi za kulipwa ipo tangu 1929. Kijana anaanza na ubingwa wa eneo lake, anapanda ubingwa wa nchi, anakwenda Jumuiya ya Madola au Ulaya, na kila kidato kinajulikana, kina televisheni, kina watu wa kununua tiketi. Cheka alikulia kwenye nchi yenye TPBC, PST na TPBO, kila chama na rais wake, kila chama na mkanda wake, na bondia akitangazwa bingwa wa taifa ilibidi kwanza uulize, wa taifa la nani? Hiyo haikuwa ngazi. Zilikuwa mbao zilizolala chini, na kila mwenye mbao alijiita fundi.

Na si jambo la jana. Mwaka 1970, kwenye Michezo ya Jumuiya ya Madola mjini Edinburgh, Titus Simba aliiletea Tanzania medali ya fedha ya ngumi, uzito huohuo wa kati. Aliyemfunga fainali alikuwa kijana wa Liverpool, John Conteh. Conteh akaingia ngumi za kulipwa, akapanda uzito, na Oktoba 1974 pale Wembley akawa bingwa wa dunia wa WBC. Simba alirudi kwenye nchi ambayo bondia aliajiriwa jeshini, magereza au kwenye shirika la umma, anapigana kwa ridhaa na mshahara wake ni wa kazi nyingine. Sisemi utaratibu ule ulikuwa mbaya, ulitupa medali. Nasema usiku mmoja wa fainali uliwakutanisha watu wawili waliokaribiana kwa uwezo, na asubuhi yake kila mmoja akarudi kwenye dunia yake. Miaka 38 baadaye Manchester ikarudia hadithi ileile.

Labda nieleze kidogo maisha ya bondia wa ugenini, kwa sababu nadhani wabishi wetu wanafikiri Cheka alikuwa anasafiri kama timu ya taifa. Simu inaingia. Mpinzani wa awali kaumia mkono, au kaghairi. Maswali ni mawili: pasipoti unayo? Na leo una kilo ngapi? La pili ndilo linaloulizwa kwa makini. Wiki mbili, pengine pungufu, uwe umeshuka. Unapanda ndege huku hujala vizuri na maji unayanywa kwa kupima, maana ukitua tu kuna mizani inakusubiri. Kocha wako akinyimwa viza, kona inakuwa ya kukodi: anayekufunga bandeji mikononi humjui, anayekupaka mafuta usoni na kukuzuia damu hujui lugha yake, na kati ya raundi anakupa maelekezo unayakisia. Mpinzani wako kajiandaa miezi mitatu, kalala kwao, kala chakula cha mama yake. Mwandaaji aliyekuita hakukuita ushinde. Amenunua raundi zako, apime mtu wake.

Najua nitajibiwa: mbona Hassan Mwakinyo wa Tanga alikwenda Birmingham, Septemba 2018, akamchakaza Sam Eggington raundi ya 2 mbele ya Waingereza? Kweli, na mimi nampigia saluti. Ila tusisahau kwamba Septemba 2022 Mwakinyo alirudi Uingereza, safari hii Liverpool, kwa Liam Smith, na pambano likaisha raundi ya 4 kwa hasara yake. Mgeni anaweza kushinda. Ila ushindi wa ugenini hauwezi kuwa ndiyo mizani ya kumpimia kila mtu, wakati mwenyeji ndiye anayeandaa ulingo, majaji na tarehe.

Cheka alikuwa na uamuzi mmoja ambao mimi naupa uzito kuliko mkanda wowote: hakuhama Morogoro. Bondia wa Tanzania anayetaka jina huhamia Dar es Salaam. Mapromota wako huko, kumbi ziko huko, magazeti yako huko. Yeye akabaki mji kasoro bahari, anakimbilia milima hii hii ya Uluguru unayoiona dirishani. Asiyeijua barabara ya Boma alfajiri ajaribu siku moja kuipanda mpaka Rock Garden, halafu aendelee na njia ya Morningside kwa mbio. Mwanzo unajiona hodari. Kufika kwenye mwinuko wa kwanza wa migomba, magoti yanaanza kukuuliza umetumwa na nani, na wakati huo akina mama wa Kiluguru wanakupita wakishuka sokoni na mikungu ya ndizi kichwani, wanazungumza, hata hawahemi. Mapafu ya raundi 12 hutengenezwa huko. Mimi nikimtazama Cheka raundi za mwisho, mabega yameshuka lakini mkono wa kushoto bado unatoka, nilikuwa naiona ile njia.

Wa Dar wakaja mmoja baada ya mwingine. Matumla mwenyewe, aliyewahi kuvaa mkanda wa dunia wa WBU, alipigwa na Cheka. Japhet Kaseba, mfalme wa mateke na ngumi, alipigwa. Mada Maugo, Karama Nyilawila, wote wakaonja. Mei Mosi 2013, katika ukumbi wa PTA, uwanja wa Sabasaba, Thomas Mashali wa Manzese, aliyekuwa amekuja juu kama moto, akasimama naye mpaka raundi ya 10, na raundi hiyohiyo akadondoshwa. Kwa miaka mingi kauli ya Morogoro ikawa fupi: hapa nchini hakuna. Mji ambao zamani ulijulikana kwa magitaa ya Mbaraka Mwinshehe na Salum Abdallah, kisha ukajulikana kwa viwanda, viatu, ngozi, magunia, kisha viwanda vikafa vijana wakabaki vibarazani, sasa ulikuwa na kitu cha kuringia mbele ya watu wa pwani.

Agosti 30, 2013, miezi miwili tu baada ya Macklin kukaa chini kwa konde la Golovkin, Cheka alipanda ulingoni katika ukumbi wa Diamond Jubilee, Dar es Salaam, dhidi ya Mmarekani Phil Williams. Uzito wa super middle, ratili 168. Mkanda wa WBF wa dunia ulikuwa wazi. Majaji wote watatu wakampa Cheka.

Hapa niwe mkweli, wasije mabingwa wa kijiwe wakanikamata. Mikanda ya dunia yenye uzito ni minne: WBA, WBC, IBF na WBO. WBF iko pembeni ya hiyo. Kwa hiyo anayesema Cheka alikuwa bingwa wa dunia sawa na Golovkin anatia chumvi. Lakini anayesema mkanda ule ni wa plastiki naye amwambie Phil Williams, aliyevuka bahari kuja kuukosa. Na kitu kingine: usiku ule Cheka ndiye aliyekuwa mwenyeji. Kwa mara moja mgeni alikuwa mwingine.

Desemba mwaka huohuo akaitwa Moscow, akakutana na Fedor Chudinov, akapigwa vibaya. Ndiyo ile "Urusi alipigwa". Haya, Chudinov huyo ni nani? Mei 2015 alimpiga Felix Sturm, yuleyule aliyemshinda Macklin kwa majaji kugawanyika, akawa bingwa wa dunia wa WBA. Yaani kijana wetu alipelekwa kwa bingwa mtarajiwa, katikati ya baridi ya Desemba, nyumbani kwa bingwa huyo. Kijiweni inasomeka neno moja tu, alipigwa.

Yapo yasiyopendeza, na mazungumzo haya yakiyaruka yatakuwa ni matangazo ya biashara. Februari 2015 mahakama hapa Morogoro ilimtia Cheka hatiani kwa kumpiga meneja wa baa yake, ikamhukumu kifungo cha miaka 3. Baadaye adhabu ikabadilishwa kuwa kifungo cha nje, na mwaka huohuo akarudi ulingoni. Wapo waliosema wivu, wapo waliosema mji mdogo haupendi mtu mkubwa. Mimi siwaungi mkono. Aliyepigwa alikuwa mtu aliyekwenda kazini, hakupima uzito, hakuvaa glavu, hakusaini mkataba wa raundi hata moja. Mikono ya bondia wa kulipwa ikitoka nje ya kamba, sheria ina haki ya kuidai. Mtu anaweza kuwa fahari ya mji na bado akawa na kosa la kulipia. Morogoro ina wakubwa wengine wa namna hiyo, na wengi hata mahakamani hawajafika.

Basi ukafika mwisho wa 2015, sikukuu, Uwanja wa Jamhuri. Mashali amerudi, na safari hii amekuja kumfuata mwenyewe kwake, chini ya mlima. Uwanja wa mpira ukiwekwa ulingo katikati huwa na taabu yake: jukwaa liko mbali, mtazamaji anaona watu wawili wadogo chini ya taa, ngumi anaziona, mlio unamfikia baadaye kidogo. Siku hiyo walioko mbali waliona mapema kuliko walivyotaka kukiri. Cheka alikuwa anafika nusu sekunde nyuma. Mashali akashinda kwa pointi, na ile kauli ya hapa nchini hakuna ikaishia nyumbani kwake.

Mashali hakuishi kuila heshima hiyo. Oktoba 2016, Kimara, Dar es Salaam, alishambuliwa na kundi la watu usiku akafa. Mtu aliyesimama mbele ya Cheka raundi 10 mara ya kwanza, akamshinda mara ya pili, aliuawa barabarani na mikono isiyojulikana. Nimewahi kusikia watu wakisema ngumi ni mchezo wa hatari. Sijui mitaa yetu tuiiteje.

Februari 2016, kabla ya msiba huo, Cheka alikuwa ameinuka tena. Pale Leaders Club, Kinondoni, alimpiga kwa pointi Geard Ajetovic, mzaliwa wa Serbia aliyekulia ngumi Liverpool, bondia wa shule ya Kiingereza kabisa. Umri wa Cheka ulikuwa unaelekea miaka 34. Angeniomba ushauri, na hakuniomba, ningemwambia hapo ndipo pa kutundika glavu.

Desemba 17, 2016, akaenda New Delhi. Vijender Singh ni shujaa wa India, medali ya shaba ya Olimpiki ya Beijing 2008 katika uzito wa kati, na alipoingia ngumi za kulipwa mwaka 2015 alipelekwa kufundwa Manchester. Magazeti ya India yakaeneza rekodi ya Cheka: mapambano 43, ushindi 32, kati ya hizo 17 kwa KO. Singh alikuwa na mapambano 7 tu. Ukisoma karatasi, mgeni ndiye mzoefu. Ukisoma miguu, mgeni alikuwa amechoka. Mwamuzi akamaliza pambano raundi ya 3. Rekodi nzuri ya bondia mzee ni bidhaa, msikilizaji. Kijana anayepandishwa anaihitaji kwenye wasifu wake, na yuko tayari kuinunua pamoja na tiketi ya ndege. Cheka aliuza alichokuwa nacho, na mwenye watoto wa kusomesha sithubutu kumhukumu.

Mwishoni mwa 2018 Abdallah Pazi, Dulla Mbabe, naye akamshinda. Kwa mapambano makubwa, huo ndio ukawa ukingo.

Lakini sikiliza kilichofuata. Kijana mwingine wa hapahapa, Twaha Kassim tunayemwita Twaha Kiduku, mwaka 2020 alimpiga Dulla Mbabe, na Agosti 2021 akampiga tena, safari hiyo akaondoka na gari juu ya fedha zake. Kiduku naye hakuhama. Siku za mapambano yake watu wa Kihonda na Mwembesongo hukodi magari kwenda Dar kushangilia, na wasiokwenda hujaa kwenye vibanda vya televisheni, maana Azam siku hizi huonesha ngumi moja kwa moja mpaka nyumbani. Kamisheni ya ngumi za kulipwa ikawa moja, TPBRC, na ingawa malalamiko hayajaisha, bondia anajua walau aende ofisi gani kulalamika. Kiduku anaweza kukataa simu ya wiki mbili kutoka nchi ya baridi. Cheka hakuwa na uwezo wa kuikataa, na nafasi ya Kiduku kukataa imetokana kwa sehemu na Cheka aliyewazoesha watu kwamba pambano kubwa la nchi hii linaweza kumtaja mtu wa Morogoro kwanza.

Nina ombi moja kwa wenzangu wa televisheni, kwa kuwa usiku huwa wanajaza saa kwa marudio ya mapambano ya Wamarekani. Litafuteni lile pambano la Manchester la 2008, zile raundi 10 za Cheka na Macklin, mlinunue, mlioneshe lote bila kukata, na pembeni mweke watu wawili wanaojua ngumi wajaze pointi raundi kwa raundi, 10 kwa 9, tuone karatasi zao zinasemaje. Mimi yangu nitakuwa nayo mkononi.